Ndege za NATO, nani hasa anazipa amri?

SWALI: Mhariri habari za kazi. Septemba 2025 droni za Urusi ziliingia Poland, nikasikia kati ya ndege zilizozidungua kulikuwa na F-35 za Uholanzi. Sasa hapo ndo nimekwama. Rubani ni Mholanzi, anga ni ya Poland, muungano una nchi 32, je anayemwambia ruka, fuata, piga ni nani? Serikali ya kwao, Wapoland, au Mmarekani? Msomaji wenu, Tanga.

JIBU: Ndugu yangu wa Tanga, swali zuri na jibu lake halinyooki, ni wote watatu, kila mmoja na kipande chake.

Kwanza tutoe hii dhana kwamba NATO ina jeshi lake la anga. Haina. Kuna vitu vichache inavyomiliki kwa pamoja, mfano zile ndege za AWACS zenye sahani la rada mgongoni, ziko Geilenkirchen Ujerumani ila zimesajiliwa Luxembourg, nchi ambayo yenyewe haina hata ndege moja ya kivita (hii huwa inanichekesha kila nikiikumbuka). Zaidi ya hapo ndege ni za nchi, rubani ni wa nchi, mshahara wa nchi, na akikosea anashtakiwa kwao.

Kinachohamishwa ni ruhusa ya kuzipangia kazi. Nchi inasema nakupa ndege nne kwa miezi minne, zilinde anga, mashambulizi ya ardhini hapana. Ni kama sufuria za kuazima kwenye shughuli, mpishi ndo anaamua kipi kipikwe na saa ngapi, lakini mwenye sufuria akishasema langu lisipikiwe dagaa basi halipikiwi dagaa, na akilitaka usiku uleule analichukua.

Juu kabisa upande wa kijeshi kuna kamanda mkuu wa NATO Ulaya, anakaa Mons Ubelgiji, na tangu Eisenhower mwaka 1951 hajawahi kuwa mtu asiye Mmarekani. Makao yake zamani yalikuwa karibu na Paris, ila Rais De Gaulle mwaka 1966 aliitoa Ufaransa kwenye kamandi ya pamoja na kuwataka wafungashe, 1967 wakahamia huko Ubelgiji, Ufaransa yenyewe ikarudi kwenye kamandi 2009. Chini yake kwa mambo ya anga kuna kamandi ya Ramstein, Ujerumani. Jenerali wa pale kwa kawaida ni Mmarekani mwenye kofia mbili, manake huyohuyo ndo mkuu wa jeshi la anga la Marekani kwa Ulaya na kwa Afrika pia, ndiyo, mpaka huku kwetu. Chini ya Ramstein ndo kuna vituo vinavyoendesha kazi za kila siku, Uedem Ujerumani kwa kaskazini mwa milima ya Alps, Torrejón Uhispania kwa kusini, na 2025 kikafunguliwa kingine Bodø, Norway.

Tuchukue mfano wa Baltic. Estonia, Latvia na Lithuania zilijiunga Machi 2004 na hazikuwa na ndege za kivita, mwezi huohuo F-16 nne za Ubelgiji zikatua Šiauliai, Lithuania, na toka hapo wenzao wanapokezana. Sasa ndege isiyojulikana inatokea Kaliningrad, kile kipande cha Urusi kilichobanwa kati ya Poland na Lithuania, haijibu redio, haijawasha kifaa cha kujitambulisha. Rada zinaiona, Uedem wanaiona kwenye skrini, Uedem ndo wanatoa amri ya kuruka, na marubani waliokaa na suti zao wanatakiwa wawe hewani ndani ya dakika kama 15. Hapo haipigwi simu Brussels, makao makuu ya NATO, kuuliza, nchi zilisharuhusu hilo mapema, ulinzi wa anga wakati wa amani uko chini ya kamanda wa NATO muda wote.

Lakini badilisha kitu kimoja tu, sema ni ndege ya abiria imetekwa. Papo hapo mamlaka yanatoka NATO yanarudi kwa serikali yenye anga, maana kudungua raia hakuna nchi iliyokubali kumwachia mgeni auamue. Na hata ndani ya nchi moja ni kizaazaa, Ujerumani walitunga sheria ya kumruhusu waziri wa ulinzi aamuru ndege kama hiyo idunguliwe, mahakama yao ya katiba ikaifuta Februari 2006.

Kwa hiyo Mholanzi wako: kwenye ulinzi wa anga anarushwa na kuelekezwa na mnyororo wa NATO, silaha anatumia kwa kanuni zilizokubaliwa kabla hajapanda ndege, Poland ina neno lake kwa sababu anga ni yake, na Uholanzi ndo iliyoamua toka mwanzo aende na masharti gani.

SWALI: Sasa kama kila nchi inaweza kukataa, vita vinapiganwaje? Si watabaki wanabishana tu? Msomaji, Kigoma.

JIBU: Wanabishana kweli, tena sana, ila ratiba inatoka.

Ratiba ndo moyo wa mambo yote. Kila siku kituo kinatoa waraka mmoja wa amri unaosema ndege ipi, ya nani, inaruka saa ngapi, inaongezewa mafuta wapi hewani, masafa gani ya redio, inapiga nini. Siku moja ya vita inaanza kupangwa kama saa 72 kabla. Vita vya Ghuba 1991 jenerali Chuck Horner aliendesha anga yote toka Riyadh kwa waraka huo, ulikuwa mnene mamia ya kurasa, na kwa vile mitambo ya jeshi la majini haikuweza kuupokea, nakala zilipelekwa kwa ndege kila siku hadi kwenye manowari za kubeba ndege. Vita vya kisasa, waraka unabebwa mkononi!

Na pale kituoni kila nchi inaweka ofisa wake. Waraka ukimpangia rubani wake shabaha ambayo sheria za kwao haziruhusu, ofisa anasema hii hapana, wanasema anatoa kadi nyekundu. Haelezi sana wala hagombezwi, kazi inapewa nchi nyingine.

Kosovo 1999 ndo palichafuka. Siku 78 za mabomu ya NATO dhidi ya Yugoslavia, nchi wanachama 19, shabaha nzito zinapita kwa wanasiasa kwanza. Rais Chirac wa Ufaransa alisema hadharani baadaye kwamba kama Belgrade, mji mkuu wa Waserbia, bado ilikuwa na madaraja ni kwa sababu yeye alikataa. Huku jenerali Clark, kamanda mkuu wa NATO Ulaya wakati huo, anataka vikosi vya Waserbia ndani ya Kosovo vipigwe, jenerali Short, mkuu wake wa anga, anataka Belgrade ipigwe kwa nguvu toka usiku wa kwanza, wanavutana kwenye mikutano ya video. Na Wamarekani nao ndege zao zisizoonekana kirahisi kwenye rada, B-2 na F-117, waliziweka kwenye ratiba ya pembeni ya kwao peke yao. Kwa maoni yangu hapo ndo umoja unapimwa, ukiwa na ratiba mbili kwenye anga moja huna tena kamanda mmoja.

Libya 2011 Ujerumani ilikataa vita ikawatoa watu wake kwenye AWACS, Sweden ambayo haikuwa hata mwanachama ikaleta ndege zake za Gripen za kupiga picha tu, na kati ya nchi 28 za NATO za wakati huo, zilizoangusha mabomu ni nane.

Kwa huku kwetu tatizo la kwanza huwa siyo nani anaamuru, ni kwamba ndege zenyewe hazipo. Februari 2012 Baraza la Usalama liliidhinisha AMISOM, kikosi cha Umoja wa Afrika huko Somalia, iwe na helikopta 12, tisa za kubebea na tatu za mashambulizi. Uganda ikatoa zake, Agosti tatu zikaangukia Mlima Kenya hata Somalia hazijafika, na misheni ikaendelea miaka kadhaa na karatasi ya ruhusa bila helikopta. Congo 2013 ilikuwa tofauti, ile brigedi ya Tanzania, Afrika Kusini na Malawi iliyopambana na waasi wa M23 ilipata msaada wa Rooivalk, helikopta za mashambulizi za Afrika Kusini, zote chini ya jenerali Mbrazili wa Umoja wa Mataifa, Santos Cruz. Ila kwenye misheni za UN helikopta za kubebea watu na mizigo kwa kawaida hazipangwi na jenerali, anazipanga mkuu wa huduma za misheni ambaye ni raia, na makamanda wamelalamikia hilo miaka nenda rudi.