Je, Epicurus alisahau kwamba kufa kunauma?

SWALI: Darasani tumefundishwa kwamba Epicurus, mwanafalsafa wa Ugiriki ya kale, hakuona sababu ya kuogopa kifo. Mimi nilimuuguza babu yangu mpaka akakata roho, na niliyaona mateso yake. Je, hoja hiyo haikuyasahau mateso hayo? Na Socrates, mwanafalsafa Mgiriki aliyemtangulia, naye alikuwa na msimamo huohuo?

JIBU: Pole sana kwa msiba, ndugu msomaji. Neno “kifo” hubeba mambo mawili ambayo hapa hayana budi kutenganishwa: kukata roho, jambo linalompata mtu angali hai, na kuwa maiti. Epicurus (341–270 KK), katika barua yake kwa Menoeceus, anazungumzia hilo la pili tu. Kwake kila jema na kila baya hutegemea hisi, na kifo ni kukoma kwa hisi. Tukiwapo sisi, kifo hakijafika, na kikifika, sisi hatupo tena. Hoja hii inategemea fizikia yake, kwamba roho ni mkusanyiko wa atomu laini zinazotawanyika mwili unapokufa, hivyo habaki mtu wa kuumia.

Mateso ya mgonjwa aliyajibu kwa hoja nyingine: maumivu makali hayadumu, na yanayodumu huvumilika. Hapa mimi simfuati, maana wapo wanaoteseka vikali kwa miezi, na wewe huhitaji kuambiwa hilo. Hata hivyo hakuwa akiyasema kwa mbali. Diogenes Laertius, mwandishi wa kale wa maisha ya wanafalsafa, ametuhifadhia barua aliyoiandika akiwa mahututi, ambamo anaeleza kwamba mkojo umeziba na kuhara damu kunamtesa kupita kiasi, lakini furaha ya kukumbuka mazungumzo yake ya zamani na rafiki yake inashindana na yote hayo. Kisha anamwomba rafiki huyo awatunze watoto wa marehemu Metrodorus, mwanafunzi wake. Cicero, mwandishi na mwanasiasa wa Roma, baadaye alimkosoa kwamba anayeamini kifo si kitu hana haja ya kuhangaikia yatakayofuata. Mimi naona Cicero alikosea, kwa kuwa watoto wale wangeendelea kuishi na kula.

Socrates ana njia yake. Alipohukumiwa kifo mwaka 399 KK, kwa mujibu wa utetezi ulioandikwa na mwanafunzi wake Plato, alisema kifo ni ama usingizi usio na ndoto ama safari ya kwenda kukutana na waliotangulia, naye hakudai kujua ni kipi. Katika Phaedo, kitabu kingine cha Plato, ambamo anasimulia Socrates alivyokunywa sumu na ganzi ikampanda kutoka miguuni, Socrates huyohuyo anatetea waziwazi kwamba roho haifi, na wataalamu wengi huona hapo Plato ndiye anayezungumza zaidi. Kwa hiyo usiwaweke kapu moja: Epicurus anakutuliza kwa kuwa hutakuwapo, Socrates wa Phaedo kwa kuwa utakuwapo.