Re: Walatvia wa ughaibuni walitunzaje lugha yao?
Mkuu, umeuliza Walatvia (watu wa Latvia, nchi ndogo kaskazini mwa Ulaya) waliokimbia Vita vya Pili vya Dunia 1944 hawakupotezaje lugha, kubwa ni nyimbo. Tamasha lao la kwanza la kwaya lilikuwa Riga, mji mkuu wa Latvia, 1873, sasa wakimbizi walipofika Marekani wakafanya la kwao Chicago 1953, na watoto likizo wanapelekwa kambi kama Garezers kule Michigan wanaongea Kilatvia tu. Halafu kuna lile kabati la Krišjānis Barons, mkusanyaji wa nyimbo za jadi za Kilatvia, vidroo vimejaa vikaratasi vya beti fupi fupi za nyimbo za wahenga, zaidi ya laki mbili aisee! Vaira Vīķe-Freiberga alikimbia akiwa mtoto, akawa profesa Kanada na kuzichambua beti hizohizo miaka na miaka, akarudi Latvia 1998 na mwaka uliofuata wakamchagua rais wa nchi, ya huyu mama inanigusa sana.