Kabla Hujapiga Mfumo Upya, Tazama Maktaba Ipi Haipo

Mafundi wetu wa mjini tuna dawa moja ya maradhi yote: kupiga Windows upya. Programu haifunguki? Piga upya. Sasa nina wateja wa skuli na ofisi wanaotumia Ubuntu, mfumo wa jamii ya Linux, na naona dawa ile ile imehamia huko. Naipinga. Mara nyingi kinachokosekana ni faili moja tu la maktaba, yaani msimbo unaotumiwa kwa pamoja na programu nyingi, na mashine imeshakutajia jina lake, ila hukusoma.

Amri kama ls, cp na mv, za kuorodhesha, kunakili na kuhamisha mafaili, zinaonekana zinajitegemea. Hazijitegemei. Kwenye Ubuntu 22.04 faili la ls halifiki hata kilobaiti 200, kwa sababu kazi nyingi zimeachiwa maktaba moja kubwa, libc.so.6, inayotumiwa na karibu kila programu iliyomo ndani ya mashine. Ni mbuzi moja ya kukunia nazi inayozunguka uwanja mzima: ikivunjika meno, hakuna nyumba inayotia tui siku hiyo. Andika ldd /bin/ls uone maktaba inazozihitaji na zilipo. Anayeziunganisha amri inapoanza ni programu iitwayo ld-linux-x86-64.so.2, iliyomo kwenye /lib64. Lakini ldd itumie kwa programu unazoziamini. Iliyokuja na flashi ya mtu usiyemjua ichungulie kwa readelf -d, maana ldd huweza kuiendesha programu yenyewe.

Amri ikigoma, chukua jina la faili lililotajwa kwenye ujumbe, tafuta kifurushi chake kwa apt-file search, kisha kiweke kwa apt, amri ya Ubuntu ya kuweka vifurushi. Kama programu umeijenga mwenyewe na faili unaliona kwa macho yako kwenye /usr/local/lib, lakini bado unaambiwa halipo, endesha ldconfig kwa mamlaka ya root, yaani msimamizi mkuu wa mashine; amri hiyo huiandika upya orodha ya maktaba. Mfumo husoma orodha iliyohifadhiwa kwenye /etc/ld.so.cache, na orodha hiyo bado haijamjua mgeni.

Balaa kubwa linakuja na flashi. Bando ni ghali, kwa hiyo mtu anamwomba mwenzake wa Chake Chake amnakilie faili la .so, yaani faili la maktaba, kutoka mashine yake. Faili halipo, faili limeletwa, tatizo liko wapi? Tatizo ni matoleo. Ubuntu 20.04 ina glibc 2.31 (glibc ndiyo inayotoa ile libc.so.6), na 22.04 ina 2.35. Programu iliyojengwa kwenye 22.04 ikipelekwa kwenye 20.04 huweza kulalamika kwamba GLIBC_2.34 haipo. Hapo ndipo mtu anapoichukua libc.so.6 ya mashine mpya na kuibandika juu ya ile ya zamani. Maktaba hiyo na ld-linux lazima ziwe za toleo moja. Zikitofautiana, ls inakufa, cp inakufa, na sudo, amri ya kukupa mamlaka ya root uliyoitegemea ikuokoe, nayo inakufa. Ukitaka kubeba kwa flashi, beba vifurushi kamili vya .deb vya toleo lile lile la mfumo, pamoja na vifurushi vingine vinavyohitajiwa navyo. Programu ikidai glibc mpya, tafuta iliyojengwa kwa ajili ya mfumo wako, au pandisha mfumo mzima.

Wenzetu wa Windows wana ugonjwa huo huo kwa jina la DLL, yaani maktaba za Windows. Ukiambiwa MSVCP140.dll haipo, usiende kulipakua kwenye tovuti yoyote inayogawa DLL moja moja. Weka kifurushi cha Visual C++ cha Microsoft chenyewe, basi.

Na kama libc imeshaharibika? Usifunge terminali, lile dirisha la kuandikia amri, na usizime mashine. Bash, programu inayopokea amri zako humo, ikiwa imefunguka tayari inayo maktaba yake kwenye kumbukumbu, kwa hiyo mara nyingi cd bado inafanya kazi, na echo * itakuonyesha mafaili badala ya ls. Kama unayo busybox-static, programu moja yenye amri nyingi ndani yake, ambayo haitegemei maktaba yoyote ya nje, na terminali hiyo ni ya root, utarudisha faili la asili kwa cp yake. Kama huna, ni kuwasha mashine kwa flashi yenye Linux hai, yaani inayowaka kutoka kwenye flashi yenyewe, na kutengeneza kutokea nje. Mimi huweka busybox-static kwenye kila seva siku ya kwanza, kabla sijaulizwa kwa nini.

Umeme nao. Ukikatika katikati ya masasisho, vifurushi hubaki nusu nusu, na amri zinaanza kulalamikia maktaba. Endesha dpkg --configure -a, kisha apt --fix-broken install, kabla hujagusa faili lolote kwa mkono. Seva isiyo na UPS, betri ya akiba, siisasishi, hata mwenyewe akinibembeleza.

Jambo la mwisho linasahauliwa hata na mafundi wazuri. Kusasisha maktaba hakuzigusi programu zinazoendelea kufanya kazi; zimeshaishika ile ya zamani na hazitaiachia mpaka ziwashwe upya. Mwezi Aprili 2014, lilipojulikana tundu la usalama la Heartbleed ndani ya OpenSSL, maktaba ya usimbaji wa mawasiliano, kuweka toleo jipya hakukutosha kama huduma ya wavuti haikuwashwa upya. Programu ya needrestart hukutajia huduma zipi bado zimeshika maktaba kuukuu. Iendeshe kila baada ya masasisho, na uziwashe upya huduma hizo jioni, watu wakishatoka ofisini.