Si lazima uwe na digrii ya fizikia

Ndugu uliyeuliza kama ni lazima usome fizikia ndipo uandike miswada ya bunilizi ya sayansi: hapana. Mtazame D.C. Fontana, mwandishi wa tamthilia za televisheni wa Marekani. Alianza kama katibu muhtasi, na mswada wa kwanza aliouza, 1960, ulikuwa wa tamthilia ya wachunga ng'ombe. Star Trek, tamthilia ya televisheni ya safari za anga za juu, ilipoanza alikuwa katibu wa mwanzilishi wake, Gene Roddenberry. Akakabidhiwa mswada wa mwandishi mwingine uliokuwa haujakaa sawa, akausuka upya, na hapo ndipo alipopewa uhariri wa hadithi. (Hizo D.C. zilifunika jina Dorothy. Zama zile mwanamke kuandika mambo hayo ilikuwa shughuli pevu.)

Ndiye aliyewaleta wazazi wa Spock, mmoja wa wahusika wakuu wa Star Trek, kwenye skrini, 1967: baba na mwana hawajasemezana miaka 18 kwa sababu kijana aliikataa njia aliyochaguliwa na mzee. Fizikia iko wapi hapo? Hayo ni ya nyumbani kwetu kabisa.

Kwa hiyo ukipata kazi yoyote kwenye kampuni ya kutengeneza tamthilia, hata ya kupokea simu, ichukue, na uombe kusoma miswada yao.