Mti haujamwomba mtu ausujudie

SWALI: Asalaam aleykum mwalimu, na shikamoo. Mi nipo Mingoyo, Lindi. Kwetu kuna kijisitu kina chemchemi, katikati kuna mti wa msolo wa miaka mingi sana, zamani mvua zikichelewa wazee walikuwa wanaweka unga chini yake na mpaka leo kuna bibi mmoja mmoja wanaenda kimyakimya. Sasa sisi vijana wa msikitini tumesema ukatwe maana hiyo ni shirki, na mwenzetu katutumia kwenye grupu kisa cha Sayyidna Umar alivyokata mti watu walipouendea. Babu yangu kakasirika, wiki ya pili haongei na mimi. Nani yuko sawa? Na haya mambo ya kutunza miti ni dini kweli au ni miradi tu ya Wazungu?

JIBU: Waaleykum salaam mwanangu, marahaba. Nianze na Umar maana ndo mlipoegemea. Mti unaosemwa ni ule wa Hudaibiya, mwaka wa 6 Hijria, Masahaba walipompa Mtume (s.a.w.) mkono wa ahadi, umetajwa Suratul Fat-h aya ya 18. Kwamba Umar aliukata imepokewa na Ibn Saad, mwanahistoria wa zamani, kupitia Nafi'i, na Nafi'i hakumdiriki Umar, hakuishi zama zake, yani kuna mtu katikati hatajwi. Halafu kwenye Bukhari yupo Ibn Umar, mtoto wa Umar mwenyewe, anasema mwaka uliofuata walirudi pale na hawakukubaliana hata watu wawili ni mti upi. Sasa kama waliokuwepo waliusahau, nyie mnashika shoka kwa uhakika gani? Na hata tukisema kisa ni sahihi, ulikatwa mti mmoja jangwani, haikukatwa chemchemi ya kijiji.

Kwanini hamkutumiana na hadithi ya mkunazi? Ipo kwa Abu Daud, anayekata mkunazi Mwenyezi Mungu atakiinamisha kichwa chake motoni, na Abu Daud mwenyewe akaulizwa akaeleza kuwa ni yule anayekata bila haki mkunazi wa porini unaowapa kivuli wasafiri na wanyama. Mkunazi huu huu ambao majani yake tunayaponda tukaoshea maiti zetu. Na Suratur Rahman aya ya 6 inasema miti inasujudu. Mwanangu isome hiyo aya ukiwa umesimama chini ya huo msolo. Huo mti haujamwomba mtu ausujudie, wenyewe unamsujudia Muumba wake tangu babu yako hajazaliwa, shirki ipo moyoni mwa anayeweka unga na huko shoka halifiki.

Nikwambie nilichokiona mimi. Nilipokuwa nafundisha madrasa kijiji kimoja huku huku kusini kulikuwa na chemchemi ya hivyo hivyo, unachota kwa kata ya kifuu, maji yanashuka kidogo halafu yanapanda tena taratibu mpaka yanagusa ukingo wa mchanga, ukihesabu labda mpaka ishirini yamerudi, na hiyo ni Oktoba, jua lote lile. Watu wakapanda kule juu wakakata miti wakachoma mkaa. Msimu wa pili yake nikawakuta akina mama wamekaa chini na ndoo, kata ipo mkononi, wanasubiri, tope tu. Mvua ilinyesha kama kawaida ila ikawa inateremka na udongo, kwasababu majani yaliyooza na mizizi ndivyo vilivyokuwa vinaizuia izame ardhini. Wazee wetu walikosea walipopeleka unga, hilo siwafichi, lakini hofu yao ndo imewawekea nyie maji ya kuchukulia udhu, na mtu mwenye shukrani hakati kwanza akauliza baadae.

Halafu kuna jambo naomba ulichunguze mwenyewe bila kumtuhumu mtu: magogo yakishaanguka yanakwenda wapi? Kama kuna mwenzenu ameshaongea na mtu wa mkaa basi hapo hakuna tena suala la tauhidi.

Kuhusu Wazungu, Madina Mtume aliifanya haram, yani eneo takatifu, miti yake isikatwe na mnyama wake asiwindwe, hiyo ni miaka 1400 iliyopita. Na kisiwa cha Misali kule Pemba, mwishoni mwa miaka ya 1990, wavuvi walifundishwa hifadhi kwa aya za Qur'ani na mafundisho ya ukhalifa wa mwanadamu, yani kwamba ameachiwa dunia aitunze kwa niaba ya Mungu, maana amri ya serikali peke yake haikuwaingia.

Nenda kwa babu, kaa chini, muombe radhi. Wale bibi wafundisheni tauhidi kwa upole, nyumbani kwao. Na msitu upelekeni kwenye mkutano wa kijiji utengwe, Sheria ya Misitu ya 2002 inakiruhusu kijiji kuwa na hifadhi yake.

SWALI: Mwalimu najua we ni Muislamu ila nakusoma kila toleo. Mimi ni Mkatoliki wa Masasi. Kila kiangazi tunachoma pori kusaka panya, mwaka huu moto ulituzidi ukaingia kwa jirani ukala mikorosho yake. Nimemlipa, tumeyamaliza, lakini moyo hautulii. Nikiungama niseme nini wakati deni nimelipa?

JIBU: Moyo wako unajua kuwa jirani sio uliyemkosea peke yake. Papa Fransisko kwenye waraka wake wa 2015, Laudato Si', amemnukuu Patriaki Bartholomayo kuwa kuutendea uovu ulimwengu wa asili ni dhambi dhidi yetu wenyewe na dhidi ya Mungu. Kwahiyo lile pori lenyewe litaje, na kobe aliyeshindwa kukimbia na makinda kwenye viota, hao hamna aliyewalipa. Mwanzo 2:15 Adamu aliwekwa bustanini ailime na kuitunza, yote mawili kwa pamoja. Padri wako atakuongoza kwenye malipizi, mi siwezi kumsemea.

Ila kama jirani: mwakani chimbeni panya kwa jembe, najua ni kazi na mnapata wachache, na barabara ya kuzuia moto ilimeni kabla nyasi hazijakauka, shamba lako na lake kwa pamoja. Mvua za Desemba zikianza mpelekee miche ukapande mwenyewe, mita 12 kwa 12, na uimwagilie mpaka ishike.