Maharage gunia 30: kuuza sasa au kusubiri?

Ndugu muulizaji, umevuna gunia 30 huko Babati, dalali anataka kununua sasa shambani, nawe unafikiria kukopa ili uyahifadhi hadi Desemba.

Tanzania huzalisha zaidi ya tani milioni 1 za maharage kwa mwaka, na kiasi kikubwa cha ziada huvuka Namanga na Holili kwenda Kenya, ambako mahitaji huzidi mavuno. Kwa hiyo bei yako inategemea pia mvua za Kenya: wakivuna vizuri, dalali hapigi simu.

Ningekuwa wewe, ningeuza nusu sasa, kwa kilo na kwa mizani, kamwe si kwa lumbesa (gunia lililojazwa kupita kipimo), na ningehifadhi nusu bila kukopa, kwa sababu riba haisubiri bei ipande. Kabla ya kufunga, tia konzi ya maharage na chumvi kavu katika chupa kavu, utikise: chumvi ikinata kwenye kioo, yarudishe juani. Tumia mifuko isiyopitisha hewa, ili wadudu wasiyale. Mwaka mmoja nilidharau hilo, na gunia nililolifungua Novemba lilikuwa unga na matundu matupu.

Usichanganye aina, mnunuzi hushusha bei ya mchanganyiko, hata kama ndani yake kuna mbegu nzuri ya maharage kama Lyamungo 90.

Ukiamua kuvusha mwenyewe, muone kwanza afisa kilimo na wakala wa forodha kuhusu kibali, cheti cha afya ya mimea na cheti cha uasili, kinachoonyesha mzigo umetoka nchi gani.