Barua kwa mwanangu: eti Sinatra alifanya nini sasa

Mwanangu,

Meseji yako kuhusu In the Wee Small Hours, albamu ya Frank Sinatra yule mwimbaji wa Marekani, nimeiona, unauliza "mama, mbona nyimbo zote kwenye hiyo albamu ni za watu wengine, sasa huyo Sinatra sifa zake ni zipi?" Kwanza si zote, wimbo wa This Love of Mine na yeye yumo kwenye watunzi. Ila nimekuelewa, nyie wa siku hizi msanii asipoandika mwenyewe mnamwona feki.

Marekani enzi zile kazi ziligawanywa. Watunzi kina Cole Porter, kina Rodgers na Hart, walikuwa wanatungia maonyesho ya jukwaani kule Broadway, wimbo ukishatoka basi anauimba yeyote mwenye sauti yake. Hata kwenye taarabu mara nyingi mshairi ni mwingine na mwimbaji ni mwingine, mbona huko hulalamiki?

Sasa In the Wee Small Hours ya 1955 ina nyimbo 16, huo wa kwanza uliobeba jina la albamu ndo ulikuwa mpya, nyingi zilizobaki zilishazeeka, What Is This Thing Called Love ya 1929, Mood Indigo ya Duke Ellington, yule mwanamuziki wa jazi, ya 1930, watu walishazisikia mpaka basi. Alichofanya yeye na Nelson Riddle aliyempangia vyombo ni kuzichagua zote za mtu aliyeachwa, anakosa usingizi, wakazipanga albamu nzima ikawa usiku mmoja. Wakati huo albamu nyingi zilikuwa mkusanyiko tu. Na Riddle hakujaza vayolini kila mahali, kuna nyimbo utasikia vyombo vichache tu, sauti inabaki wazi, maiki inashika mpaka pumzi, hapo huwezi kudanganya.

Watu wanasema aliimba hivyo sababu ya mkewe Ava Gardner, yule mwigizaji wa sinema, ni kweli walikuwa wameshatengana, ila mi naona wanamnyima sifa za kazi, maana wangapi wameachwa na hawawezi kuimba hivyo?

Sikatai, 16 ni nyingi, mchana utasinzia. Fanya hivi, sikiliza Mood Indigo ya Ellington mwenyewe kwanza halafu hii ya Sinatra, usirukeruke, alafu nipigie uniambie ipi umerudia. Na baba yako anasema yule mwimbaji mwingine, Nat King Cole, anamzidi, usimsikilize.

Mama